Mhusika Anayejijua Mno

Mswada wangu wa kwanza wa riwaya ulirudishwa na maneno matatu tu: "Wahusika wanajijua mno." Niliudhika wiki nzima. Mimi mtu wa kidato cha nne, nikaona nabaniwa tu. Kilichonifumbua macho ni kitabu cha kuazima, Thinking, Fast and Slow, alichokitoa mwaka 2011 marehemu Daniel Kahneman, mwanasaikolojia wa Israeli na Marekani.

Kahneman anasema akili ina njia mbili. Ya kwanza ni ya haraka, hujiendea yenyewe pasipo sisi kujua. Ya pili ni ya polepole, inayojitambua, tena mvivu. Jaribu hili: gongo la besiboli na mpira wake, jumla dola 1 na senti 10. Gongo limeuzidi mpira kwa dola 1. Mpira bei gani? Ukisema senti 10, umekwisha! Ni senti 5. Usijali, hata Harvard zaidi ya nusu ya wanafunzi walikosea.

Tena mzee anakiri wazi kwamba njia hizo mbili ni wahusika wa kubuni, ili tumwelewe. Kumbe naye mtunzi mwenzetu!

Ila hapo hapo ndipo nina ugomvi naye. Anasimulia jaribio la mwaka 1996: vijana waliopewa maneno ya uzee eti wakatembea polepole bila kujijua. Anatuambia hatuna budi kuamini. Mwaka 2012 watafiti wa Brussels wakalirudia, mwendo ukapimwa kwa mashine. Matokeo yale hayakuonekana. Mwaka 2017 Kahneman mwenyewe alikiri kuwa aliziamini kupita kiasi tafiti zilizopima watu wachache mno. Yaani hadithi tamu ilimteka, yule mvivu wake akasinzia.

Simcheki. Amenifundisha mara mbili, kwa kitabu na kwa kosa lake: binadamu hutenda kwanza, sababu huitafuta baadaye, na ikipatikana tamu huacha kuuliza.

Basi nimeifungua upya sura ya tatu. Zamani Rehema alimwacha mumewe baada ya kurasa mbili za kueleza kwa nini. Sasa anafunga mlango kwanza. Anafika stendi ndipo anajiuliza, na jibu analolipata silo. Yeye hajui. Msomaji atajua.