Katika jina 'Walenisi' mna 'ni' na mna 'si'

Wiki jana nilikuwa kwenye feri nikitoka Likoni kwenda kisiwani, binti mmoja anayesomea ualimu akanisogelea. Mkononi alishika riwaya ya Walenisi ya Katama Mkangi.

"Shikamoo mwalimu. Hivi Walenisi iko wapi hasa? Maanake noti zangu zasema ni ndoto tu."

Nikaziomba hizo noti. Zilikuwa zimetolewa nakala juu ya nakala hadi herufi zikafifia, na juu ya jina la kitabu zilikuwa na sentensi moja: Walenisi ni nchi bora ya kufikirika isiyo na matabaka. Basi. Mwanafunzi akikariri hivyo, alama atapata, na kitabu kitakuwa hakijamgusa hata kidogo.

Kwa ambaye hajaisoma, riwaya hii ilichapishwa na East African Educational Publishers mwaka 1995. Dzombo anahukumiwa kifo, na kifo chenyewe ni kutiwa ndani ya chombo na kurushwa angani, huko kusikorudi mtu. Lakini hafi. Anafika Walenisi, ulimwengu ambao watu wake wanaishi kwa usawa. Wahakiki aghalabu huitia kapu moja na Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi, kwa kuwa zote tatu zinauacha ulimwengu tuujuao na kuzua mwingine. Sina neno na kapu hilo, ila linatuficha jambo. Kezilahabi anazua ulimwengu wake kwa maono na mafumbo. Mkangi anauzua kwa sarufi.

Kila mwalimu atakwambia kwamba jina limetokana na 'wale ni sisi'. Wengi wakishafika hapo hutua mzigo. Mimi naona ndipo safari inapoanza.

Hebu ligeuze: 'sisi ni wale'. Sentensi inaning'inia. Msikilizaji atakuuliza, wale gani? Wale tuliofanya nini? Lakini 'wale ni sisi' imekamilika, haidai nyongeza. Anayenyooshewa kidole kwa mbali, kwa kile kionyeshi cha '-le', anarudishwa hapa tulipo. Safari ya Dzombo angani ni ndefu, ila sarufi inaimaliza kwa maneno matatu.

Halafu tamka. Katika 'wale ni sisi' mkazo unakaa kwenye 'wa' na kwenye 'si' ya kwanza, yaani wao wana wao na sisi tuna wetu. Yaunganishe yawe neno moja, na mkazo wa Kiswahili, ambao hupenda silabi ya pili kutoka mwisho, unahamia kwenye 'ni'. Wa-le-NI-si. Kale kaneno kadogo ka kuunganisha, ambako katika sentensi hakana sauti, ndiko kanakobeba jina zima.

Kuna na hili la tatu, ambalo ndilo linaloninyima usingizi. Maneno yalipounganishwa, 'si' moja ilidondoka. Iliyobaki twaweza kuisoma kama 'sisi' iliyofupishwa, kama tusemavyo 'si sote'. Lakini 'si' pia ni kikanushi. Jina linaishia kwa 'ni' na 'si' zikiwa bega kwa bega. Nchi ambayo ni, na ambayo si. (Sisemi Mkangi alikusudia. Nasema limo.) Mtu wa Likoni hahitaji kuelezwa sana. Akipanda feri husema "naenda Mombasa", ilhali Likoni ni Mombasa.

Nina ugomvi na kitabu, hata hivyo, na hapa ndipo ulipo. Kurasa za hukumu na za ile safari zina 'ni' na 'si' zinazovutana, na msomaji hajui kama chombo ni jeneza au ni mlango. Dzombo akishafika na kuanza kuelezwa mambo ya huko, 'si' inanyamazishwa. Mgeni anauliza, wenyeji wanaeleza, anauliza tena, wanaeleza tena, na majibu yamenyooka kama rula. Nilitamani Mwalenisi mmoja tu aliyeamka vibaya siku hiyo. Kezilahabi humwacha msomaji gizani hata akachukia. Mkangi amjibu kabla hajauliza vizuri.

Lakini siwezi kumkaripia sana. Mkangi, mwanasosholojia wa Chuo Kikuu cha Nairobi, alizuiliwa bila kesi mwaka 1986, enzi za msako wa Mwakenya. Mtu aliyepitia hayo akiandika hukumu ya kifo, haisomeki kama mchezo. Na akitamani nchi ambayo kila swali lina jibu, twaelewa tamaa hiyo ilitoka wapi.

Wala shujaa wake hakumtoa mbali. Dzombo ni jina la mlima na la wadi huko Lungalunga, Kwale, na ile 'dz' haimo katika Kiswahili sanifu. Ni sauti ya Kimijikenda, ya watu ambao jina kwao ni 'dzina'. Aliyerushwa angani ni jirani yetu.

Nilimweleza binti jambo moja zaidi, kwa sauti ya chini kwa sababu tulikuwa majini. Tarehe 29 Aprili 1994, mwaka mmoja kabla ya riwaya hii kutoka, feri ya Mtongwe ilizama na watu zaidi ya 270 wakafa. Kitabu hakihusu mkasa huo. Lakini huku kwetu, mtu akisoma habari za chombo kinachoondoka na watu wasirudi, kisha akakutana na 'wale ni sisi', hawezi kuandika "nchi ya kufikirika" akaridhika.

Alinyamaza, akazikunja noti zake akazitia mkobani.

"Sasa kwa mtihani, mwalimu, niandike iko wapi?"

"Anza na silabi ya tatu," nikamwambia.

"Na watanipa alama kweli?"

Feri ilikuwa ishagusa gati na watu wameanza kusukumana kwenda mbele. Sikumjibu.