VJ Asiye na Sauti

Mtu yeyote anayeishi Kampala anamjua VJ, hata kama hajawahi kukaa kwenye benchi la kibanda cha video. Ni yule jamaa anayechukua filamu ya Wachina au ya Wamarekani halafu anaongea juu yake kwa Luganda mwanzo mpaka mwisho. Anatafsiri, anatia utani, anawapa wahusika majina ya mtaani, anakuambia huyu ni mbaya kabla hajafanya ubaya wowote. Hapa Mengo, ukishuka kuelekea Kisenyi au ukivuka upande wa Katwe, utasikia sauti ya VJ Jingo au VJ Junior ikitoka kwenye maduka ya filamu, kubwa kuliko redio ya jirani. Wengi wetu tuliotoka Kongo, Luganda yetu ya kwanza tuliipata kwa hao.

Namtaja VJ kwa sababu nataka kuongea juu ya video zinazoingia kwenye simu zetu, zile fupi zisizo na mwanzo wala mwisho, na maneno ambayo watu wanaandika chini yake. "Goma leo." "Bukavu sasa hivi." "Ona wanavyofanyia watu wetu." Hayo maneno ni VJ. Kwenye kibanda unajua kwamba VJ yupo: sauti yake inapanda juu ya sauti ya filamu, na akisema uongo mkubwa benchi zima linacheka. Kwenye simu hana sauti. Tunasoma maneno yake, tunaangalia picha, na baada ya dakika moja tunaapa kwamba ni picha yenyewe iliyotuambia.

Tuanze na mfano usio na damu ya kweli. Ukichukua boda kutoka Mengo kuelekea Nateete utafika Wakaliga, mtaa wa Isaac Nabwana, ambaye ametengeneza filamu nyumbani kwake kwa kompyuta alizounga mwenyewe na bunduki za vyuma chakavu na mbao. Alipokuwa mdogo hakuwa anaenda sinema. Kaka zake walienda, wakarudi wakamsimulia. Mwaka 2010 alitoa "Who Killed Captain Alex?", na tangazo lake fupi likawekwa YouTube mwezi Januari mwaka huohuo. Likatazamwa na watu mamilioni ambao hawajui Wakaliga iko wapi. Wakaanza kubandika lebo. Filamu mbaya kuliko zote duniani. Utani. Wengine wakasema hapana, huyu mtu ana akili sana, anawadhihaki Wamarekani.

Nakala ambayo dunia inaijua ina sauti ya VJ Emmie kwa Kiingereza, anapiga kelele na kusifia kila ngumi. Sasa mtu wa Kampala akisikia hiyo sauti anajua: huyu ni VJ, yuko kazini. Mtu wa mbali ambaye hajawahi kusikia VJ anadhani huo utani ni wa mtengenezaji filamu mwenyewe. Filamu ilitangazwa kama filamu ya kwanza ya mapigano ya Uganda, lakini wengi waliipokea kama komedi. Mimi naipenda, na nacheka pia, hakuna dhambi hapo. Ila angalia kazi ambayo sauti moja ya pembeni imefanya: imegeuza aina ya kitu kizima. Na filamu yenyewe inaisha bila kutujibu nani alimuua huyo kapteni.

Hapo hasara ni ndogo. Turudi kwenye simu.

Januari 2025, M23 walipoingia Goma, tarehe 27, huku Kampala hakuna aliyelala. Umeme na maji vilikatika kule, ndugu walikuwa hawapatikani kwa simu, na kilichobaki ni grupu za WhatsApp. Katikati ya Februari ikawa zamu ya Bukavu. Kila nyumba ya Wakongo hapa ilikuwa na mtu mmoja aliyeshika simu na wengine watano nyuma ya bega lake. Nilikaa kwenye mabega kama hayo siku nyingi, na kitu kilichonishangaza ni neno "leo".

"Goma leo" halina tarehe. Ukiitumwa Jumatatu ni leo, mtu akiituma tena Ijumaa bado ni leo, na mwezi ujao itakuwa leo tena. Gazeti la zamani likikufikia unaliona limekuwa la manjano. Video haizeeki. Mama anaangalia watu wanaokimbia na magodoro kichwani, anauliza, "Ni leo?", kijana anasoma maneno ya chini na kumjibu, "Ndiyo mama, wameandika leo." Hakuna aliyesema uongo hapo. Hata yule wa kwanza aliyeandika, siku aliyoandika, pengine ilikuwa leo kweli. Lakini mama huyo anaanza kutafuta nauli ya kumtoa dada yake barabara ambayo huenda ilishatulia, au imeharibika zaidi.

Kuna sababu nyingine inayofanya hapa Uganda mambo yawe magumu. Tangu Januari 2021, wakati wa uchaguzi, Facebook imefungwa nchini, na anayetaka kuingia lazima atumie VPN. Wengi hawana muda huo wala data ya kupoteza. Basi video inazaliwa kwenye ukurasa wa mtu fulani, ambapo kuna jina lake, tarehe, na watu chini wanaobishana, "Hapa si Sake, hapa ni Minova." Mtu mwenye VPN anaishusha na kuileta WhatsApp. Jina linabaki kule, tarehe inabaki kule, ubishi wote unabaki kule. Inatufikia peke yake. Sisi tuliopanga foleni Old Kampala tunajua maana ya kufika mahali bila karatasi: kila anayekutana na wewe anakuandikia historia yako.

Sitaki mtu afikiri watu wetu ni wajinga wa kusoma picha. Hapana. Nimeona wazee wakisoma video kuliko wataalamu. "Hii haiko Goma, angalia ukuta," alisema papa mmoja, na alikuwa na maana: Goma imejengwa kwa mawe meusi ya volkano, kuta nyingi ni nyeusi, vumbi lake ni jeusi. Bukavu ina milima na udongo mwekundu. Wengine wanasikiliza. Kiswahili cha Goma na kile cha Lubumbashi havifanani, na mama wa Bukavu atakuambia kwa neno moja tu kama anayelia kwenye ile sauti ametoka kwao. Watu wanaangalia chukudu, namba za pikipiki, yunifomu za wanafunzi, kama mahindi yako shambani au yameshavunwa. Huo ni ujuzi. Shida ni kwamba lebo inafika kabla ya macho. Ukishasoma "Goma", ukuta wa kahawia unakuwa mweusi.

Na kuna kumbukumbu. Nyiragongo ilipolipuka Jumamosi jioni, tarehe 22 Mei 2021, tulipokea video za anga nyekundu. Vijana waliona moto mbali nyuma ya nyumba. Wale waliokuwa watu wazima Januari 2002, mwaka ambao lava ilipita katikati ya mji mpaka ziwani, waliona mji umekwisha, wakaanza kuomboleza palepale. Safari hii lava ilisimama pembeni, karibu na uwanja wa ndege. Watu walikufa na vijiji viliungua, hilo ni kweli, lakini mji ulibaki. Rangi nyekundu ilikuwa ileile kwenye kila simu, na kila mtu alisoma mwaka wake.

Lebo inayonikasirisha kuliko zote ni ile ya kabila. Unaona wanaume wenye silaha gizani, wanaongea maneno mawili yasiyosikika vizuri, na chini mtu ameandika kabila lao kama vile ameona vitambulisho vyao. Na kabila la waliouawa pia. Kabila halionekani kwenye video ya sekunde ishirini. Anayeliandika amelitoa kichwani mwake. Halafu hiyo video inaingia kwenye uwanja mmoja wa nyumba za kupanga hapa Mengo, ambapo familia za pande zote zinachota maji bomba moja, na kesho yake watoto wawili waliokuwa wanacheza pamoja hawachezi tena. Nimefanya kazi na watoto kama hao. Ukiwauliza kilichotokea wanakuambia, "Mama amesema tusiende kwao." Ukimuuliza mama, anakuonyesha simu.

Basi wengine wamepata dawa: "Feki." Kila kitu ni feki. Neno hili limekuwa kama mhuri, na anayelitumia anaonekana mjanja. Mimi naona ni VJ yuleyule amebadilisha shati. "Feki" nayo ni lebo, nayo inataka ushahidi.

Mwaka 2018 ilisambaa video ya wanajeshi wanaowapeleka wanawake wawili na watoto wawili wadogo kwenye njia ya vumbi, kisha wanawapiga risasi. Wengine walisema ni Mali. Wengine walisema ni Kameruni, na serikali ya Kameruni ikasema ni habari feki. Waandishi wa BBC Africa Eye walifanya kitu cha ajabu kwa urahisi wake: waliangalia milima nyuma ya watu. Ule mstari wa vilele waliulinganisha na picha za setilaiti mpaka wakaupata, karibu na Zelevet, kaskazini mwa Kameruni. Wakaangalia nyumba zilizojengwa na zilizobomolewa, wakaangalia urefu wa vivuli, wakapata kwamba ilikuwa kati ya mwisho wa Machi na mwanzo wa Aprili 2015. Miaka mitatu nyuma. Wanajeshi walikamatwa, na mwaka 2020 wanne walihukumiwa miaka kumi jela.

Fikiria kama dunia ingekubali lile neno "feki" na kuendelea na shughuli zake. Wale mama wawili wangekufa mara ya pili. Sisi tuna video za kwetu ambazo hazijapata mtu wa kuangalia milima, na kila tunapobandika "feki" kwa sababu tu imetoka kwa watu tusiowapenda, au kwa sababu inauma, tunafunga faili ambalo hatujalifungua.

Hapa nina neno kwa ndugu zetu wa mashirika, maana najua jarida hili linafika mezani kwenu pia. Nyinyi hamsemi feki. Mnasema "uvumi", au "haijathibitishwa", na mnaandika kwenye ripoti. Naelewa kwa nini. Lakini mama akija na simu mkononi akauliza kama kijiji chake kimechomwa, "haijathibitishwa" haimwambii kitu. Anasikia kwamba mnajua na mnaficha. Mngeweza kumwambia tu: "Tumeangalia. Hii nyumba yenye paa la bluu hatujaitambua. Hii sauti inasema jina la Masisi. Tarehe hatuna." Hiyo ni dakika mbili za kazi, na mama anaondoka na kitu.

WhatsApp yenyewe ilijaribu. Baada ya watu kuuawa na makundi yenye hasira India, kwa sababu ya ujumbe wa uongo juu ya wezi wa watoto, mwaka 2018 waliweka alama ya kuonyesha kwamba ujumbe umetumwa kutoka kwa mtu mwingine. Mwaka 2019 ikaja mishale miwili kwa ujumbe uliopita mikono mingi, na tangu Aprili 2020 ujumbe wa namna hiyo unaweza kuutuma kwa mazungumzo mamoja tu kwa wakati mmoja. Wazo zuri. Lakini mishale inahesabu miguu iliyopita, haijui kitu juu ya njia. Na watu wetu wanaisoma kinyume: "Imetumwa na wengi, basi ni kweli." Nimeisikia hiyo zaidi ya mara moja, kutoka kwa watu wenye akili timamu.

Siku za Jumamosi tunakaa na vijana, kama kumi na tano hivi, na tumeanza mchezo. Mmoja analeta video, anafunika maneno ya chini kwa kidole, na sisi tunaandika upya. Sheria ni kwamba unaandika tu unachoona na unachosikia, halafu unachokosa. Mara ya kwanza ilikuwa balaa, kila mmoja aliandika hadithi nzima. Sasa wameanza kuweza. Hii ni ya binti wa miaka kumi na sita, nimeiweka kama alivyoiandika:

"Njia ya mawe meusi, mvua inanyesha. Watu karibu thelathini wanatembea, wamebeba magodoro na mitungi. Mbuzi mmoja. Mwanaume hatumuoni anasema 'songa, songa mama'. Silaha hatuoni. Tarehe hatujui. Wanatoka wapi hatujui."

Tuliituma kwenye grupu ya mtaa ikiwa na maneno hayo. Kijana mmoja alilalamika kwamba ni kavu sana, hakuna atakayeipeleka mbele, na kwa kweli waliipeleka wawili tu. Lakini usiku mtu alijibu. Aliandika kwamba yule mbuzi anamfahamu, ana kamba ya bluu shingoni, na akauliza kama kuna aliyeona upande gani wanaelekea.