Kikohozi cha Molière

Nimekuwa na pumu tangu darasa la tatu, na kwa miaka mingi nimekuwa wa kwanza kuifanyia mzaha kabla mtu mwingine hajaanza. Nikishikwa na kikohozi ndani ya matatu, nasema injini yangu inataka fundi. Watu wanacheka, nami napata dakika mbili za kuvuta dawa bila kuangaliwa kama maiti.

Ndiyo maana nikimsoma Molière, yule mwandishi wa tamthilia wa Ufaransa, siwezi kujifanya mhakiki asiye na upande. Jamaa aliugua mapafu kwa miaka, na bado alipanda jukwaani kuigiza michezo yake mwenyewe. Mwaka 1668, katika L'Avare, alijipa nafasi ya Harpagon, mzee bahili, kisha akamwandikia kikohozi kama chake. Kuna mahali mwanamke mshenga anamsifu mzee huyo kwamba hata kukohoa kunampendeza. Hapo nilicheka hadi nikakohoa. Si ndiyo ile "lakini unakaa poa" tunayoambiwa kila siku? Anayechekwa pale si mgonjwa, ni yule anayempaka mafuta kwa mgongo wa chupa.

Le Malade imaginaire, yaani mgonjwa wa kujidhania, ndiyo inayonipa shida. Molière, mgonjwa wa kweli, aliigiza Argan, mtu mzima wa afya anayejiona mahututi huku madaktari wakimla pesa. Kejeli dhidi ya madaktari hao bado ina makali. Lakini namlaumu kidogo. Sisi wenye maradhi yasiyoonekana hudhaniwa kuwa kina Argan kila tunapoomba ruhusa kazini, na mchezo huu unawaongezea mabosi sababu ya kututilia shaka.

Halafu, katika sehemu ya tatu, mwandishi anajitaja kwa jina. Argan anasema angekuwa daktari, angemwacha huyo Molière afe bila msaada. Ndugu yake anamjibu kwamba Molière wala hataki dawa zao: nguvu alizobaki nazo zinamtosha kubeba ugonjwa tu. Sijasoma maneno ya kweli zaidi kuhusu uchovu wa kuumwa, na yako katikati ya kichekesho.

Tarehe 17 Februari 1673, katika onyesho la nne la mchezo huo, alishikwa na mtukutiko wa mwili jukwaani. Grimarest, aliyeandika maisha yake mwaka 1705, anasema aliuficha kwa kicheko cha kulazimisha. Mchezo ukaisha. Alifariki nyumbani usiku huohuo, akiwa na miaka 51.

Kicheko hicho nakijua. Mwaka jana tulikuwa mkahawani na marafiki, kifua kikanibana kabisa, nikainua mkono kuomba msaada. Meza nzima ikacheka. Walikuwa wanangoja ile ya injini. Aliyeelewa kwanza ni weita, ambaye hakuwa amewahi kunisikia nikitania.