Bissu wa La Galigo na Taabu ya Kumpa Jina

La Galigo ni hadithi ya kale ya Wabugisi, watu wa Sulawesi ya Kusini katika nchi ya Indonesia. Nauita utenzi kwa kukosa neno lililo karibu zaidi, maana hauna vina kama tenzi zetu, na mistari yake kwa kawaida hupimwa kwa mizani tano, si nane. Wataalamu wakadiria kuwa jumla ya mistari hiyo yapata 300,000. Nakala kubwa kuliko zote imewekwa Leiden, Uholanzi: mabuku 12 yaliyoandikwa katika karne ya 19 na bibi wa ukoo wa kifalme, Colliq Pujié, kwa ajili ya Mholanzi B. F. Matthes. Hata hivyo mabuku hayo yachukua kadiri ya theluthi moja tu ya hadithi.

Ukubwa wa kazi hii umekwisha kusifiwa na wengi. Mimi nashika kalamu kwa sababu ya mtu mmoja atokeaye kila penye jambo zito, aitwaye bissu, na namna wasomaji wa siku hizi wanavyomgombania.

Bissu ni mwenye cheo cha ibada. Hutunza vyombo vitakatifu vya ufalme, husimamia arusi na kuzaliwa kwa watoto wa wafalme, na husema na miungu kwa lugha isiyojulikana na watu wote. Mavazi yake huchanganya ya kiume na ya kike. Wabugisi huhesabu jinsia tano: mwanamume, mwanamke, calabai aliyezaliwa na mwili wa kiume akafuata mwenendo wa kike, calalai aliye kinyume chake, na bissu, ambaye kwao ni mkusanyiko wa zote. Katika utenzi, bissu hawazuki duniani kwa bahati. Hushuka kutoka mbinguni pamoja na Batara Guru, mfalme wa kwanza. We Tenriabeng, pacha wa shujaa Sawerigading, ni mwanamke naye ni bissu. Sawerigading ampenda pacha wake mapenzi yaliyokatazwa, na ni huyo dada, kwa hekima na uwezo wake wa kibissu, amwelekezaye aende nchi ya Cina kumwoa We Cudaiq. Bila ya bissu huyu ndoa hiyo haifungwi, wala La Galigo mwenyewe hazaliwi.

Msomaji na aangalie jambo hili, kwani kuna wahakiki wamwelezao bissu kuwa ni mwanamume aishiye kama mwanamke, basi. Maelezo hayo yamwacha nje We Tenriabeng, aliye bissu mkuu wa hadithi nzima.

Sasa, makundi mawili yamshika bissu, kila moja kwa mkono wake. La kwanza ni la wale wasemao kuwa mtu asiyekuwa mwanamume wala mwanamke wa kawaida ni mgeni aliyeletwa na Wazungu. Kauli hiyo imetangazwa kwa nguvu Indonesia tangu mwaka 1936? La, tangu mwaka 2016, na ndiyo maana yashangaza. Katika maasi ya Kahar Muzakkar, kati ya 1950 na 1965, bissu waliandamwa, vyombo vyao vikachomwa, wengine wakauawa, wengine wakalazimishwa kushika mwenendo wa kiume. Wakati ule shtaka lao lilikuwa ushirikina na ukale. Waliopigwa kwa kuwa wenyeji mno, leo ndugu zao wapigwa kwa kuwa wageni.

Kundi la pili lina nia njema, nalo lakosea kwa namna yake. Husema: tazameni, bissu ndiye babu wa gay na lesbi wa leo. Tom Boellstorff, katika kitabu chake cha mwaka 2005 juu ya maisha hayo Indonesia, aonyesha kwamba waliojiita gay na lesbi hawakurithi majina hayo kijijini; waliyaokota katika magazeti na sinema, wakayafanya ya Kiindonesia. Lambda Indonesia, chama chao cha kwanza, kiliundwa mwaka 1982. Kijana wa Surabaya hana haja ya kuazima joho la bissu ili aheshimiwe. Tukimpa heshima kwa sharti la kupata babu katika hati ya kale, tutamfanyaje yule asiyepata?

Hapa lugha yetu yaingia, maana atakayeifasiri La Galigo kwa Kiswahili atakutana na neema na mtego. Neema ni kuwa "yeye" yetu, kama ya Kibugisi, haiulizi jinsia. Mfasiri wa Kiingereza hana budi kuchagua kila mara, na kila achaguapo humpunguza bissu. Sisi twapita salama. (Majina ya Kibugisi huuliza, nakiri: "La" ni ya mwanamume, "We" ya mwanamke.) Mtego ni majina yetu ya watu. "Hanithi" hutaja upungufu. "Huntha" hutaja maumbile. "Shoga" lilikuwa neno la wanawake kuitana kwa upendo, likageuzwa tukano. Hakuna hata moja litajalo cheo, na bissu ni cheo kama alivyo kadhi au mganga. Neno libaki kama lilivyo.

Mwaka 2004 Robert Wilson aliuonyesha utenzi huu jukwaani Singapore, na Puang Matoa Saidi, bissu wa kweli, akakaa mbele ya watazamaji. Mji ule ulikuwa bado na kifungu 377A, kilichotungwa na Waingereza mwaka 1938 na kufutwa na Bunge mwaka 2022. Waholanzi hawakuiachia Indonesia sheria ya namna hiyo dhidi ya watu wazima. Watazamaji wakampigia makofi bissu, kisha wakarudi nyumbani chini ya sheria ile.

Mimi sijaona hata ukurasa mmoja wa La Galigo kwa Kiswahili. Anayetaka kujaribu na aanze na maneno ya We Tenriabeng kwa pacha wake, amkatazapo mapenzi na kumwonyesha njia ya bahari.