Kasimele ya Malindi

Siku hizi mbuzi ya kukunia nazi hutundikwa ukutani. Niliiona moja Watamu, katika ukumbi wa hoteli, imepigwa vanishi ikang'aa, kando ya mlango wa nakshi na picha ya jahazi. Wageni walikuwa wakiipiga picha, na kijana aliyewahudumia, mzaliwa wa papa hapa pwani, akawaeleza kuwa ni kiti cha zamani. Ni kiti kweli. Lakini hakutaja kile chuma chenye meno wala hakutaja nazi, na sikuona dalili kwamba amewahi kuiona ikifanya kazi.

Sisi tuliokulia Malindi tuliamshwa na mbuzi kabla ya kuamshwa na mwadhini. Ilikuwa sauti ya kukwaruza, mfululizo, kisha kimya kidogo mkunaji anapogeuza kifuu, kisha inaanza tena. Nyumba hii, halafu ya pili, halafu ng'ambo ya kichochoro. Aliyeujua mtaa wake vizuri aliweza kubaini, akiwa bado kitandani, nani anauza nini asubuhi hiyo. Aliyekuna nazi nyingi alikuwa na mbaazi. Aliyekuna moja tu akanyamaza alitaka chatne ya bajia. Na nyumba iliyokuwa kimya huku taa inawaka, huyo alikuwa wa mahamri: unga wake alishaukanda kwa tui na iliki tangu jana, umelala umeumuka, na sasa anausukuma na kuukata akisubiri mafuta yapate moto.

Mama mkubwa wangu aliuza mbaazi Shela, katika kichochoro kisicho mbali na Msikiti wa Juma na makaburi yake ya nguzo. Jioni alizipepeta kwenye uteo, akatoa vijiwe na punje zilizotobolewa na wadudu, akaziroweka. Usiku alizibandika juu ya kuni mbili tu, moto mdogo, ziive polepole mpaka kila punje ilainike pasipo kupasuka. Walikuwapo waliotia magadi ili ziwahi kuiva. Yeye hakuyataka, alisema magadi yanaharakisha chungu lakini yanaondoka na ladha.

Alfajiri ndipo ilipokuja kazi ya nazi. Alichuja mara ya kwanza kwa maji kidogo ya vuguvugu, akaiweka kasimele peke yake katika bakuli, akaifunika. Machicha aliyarudishia maji, akachuja tena, na tena, mpaka tui likawa jepesi kama la kuoshea mikono. Hilo jepesi ndilo lililotangulia chunguni pamoja na kitunguu, chumvi na pilipili mbichi, likachemka mpaka likaingia ndani ya mbaazi. Kasimele ilikuja mwisho kabisa, moto ukiwa umepunguzwa, na tangu hapo upawa haukutulia: aliteka na kumimina, akateka na kumimina, chungu kikiwa wazi, maana tui likiachwa lichemke litakavyo hukatika, na tui lililokatika hakuna dawa yake. Katika muda huo hakusema na mtu. Hata salamu za wapita njia wanaorudi msikitini alizijibu kwa kutikisa kichwa tu, na hakuna aliyeona vibaya. Mimi aliniruhusu kukamua kifumbu. Kumimina kasimele hakuniruhusu kamwe. "Mkono wako una haraka," aliniambia, na nilipolalamika alinipa machicha nikawatilie kuku.

Wanunuzi wake wa kwanza walikuwa watoto waliotumwa na mabakuli ya kwao, yamefunikwa visahani. Alilijua kila bakuli limetoka nyumba gani. La maua ya buluu lilikuwa la mzee asiyeweza pilipili, basi alilitekea juu juu, pilipili zikabaki chini. Lile la bati lilitoka nyumba yenye watoto wengi, likazidishiwa mchuzi bila mtu kuomba. Haya sikuyaona kuwa ni ufundi wakati ule. Nimeyaona kuwa ufundi baada ya mbaazi kuanza kutiwa katika mifuko ya nailoni iliyofungwa fundo, zikiwa moto vile vile, kila mtu kipimo sawa. Nchi ilipiga marufuku mifuko ya plastiki mwaka 2017, lakini bakuli halikurudi. Mtoto wa leo ataona haya kupita njiani na bakuli.

Mji wetu umekusanya watu wengi, na njia ya karibu ya kuwajua ni kula wanachopika barabarani. Ukitoka Shela ukaingia upande wa maduka, unakutana na mkono wa Wahindi: bajia za dengu, kachri za muhogo zilizonyunyiziwa pilipili na ndimu, na viazi vya karai vilivyovikwa unga wenye manjano, vikapewa ukwaju uliofikichwa kwa mkono mpaka kokwa zikatoka zenyewe. Wanaovikaanga leo wengi si Wahindi. Ni Waswahili, Wagiriama, vijana kutoka kila pembe, na baadhi yao wanavikaanga vizuri kuliko nilivyowahi kula kokote. Jioni Washihiri walikuwa na kahawa yao tungu yenye tangawizi, dele juu ya makaa, vikombe vikigonganishwa mkononi ili barazani wajue muuzaji anakaribia. Wabajuni, ambao wengi walishuka kutoka kaskazini wakikimbia vita vya Shifta miaka ya 1960, walitufunza kumheshimu samaki: changu au tasi juu ya makaa ya vifuu, akipakwa tui lenye ndimu na pilipili safu baada ya safu, mpaka ngozi ijenge ganda. Ukiharakisha safu ya pili kabla ya kwanza kukauka, lote hudondokea motoni.

Huko Maweni na kuelekea mashambani uko mkono wa Mgiriama, na huu ndio uliobeba mikono mingine yote. Minazi ni yake. Yeye ndiye aliyepanda, aliyepalilia, aliyeangua, na ndiye mgema. Sisi tuliolelewa katika nyumba za swala hatukulinywa tembo lake, lakini wapo bibi zetu walioumulia mikate kwa tembo tamu, lililoteremshwa asubuhi ile ile kabla halijachacha, na mkate wa kumimina ulioumuliwa hivyo ulikuwa na wepesi ambao hamira ya paketi haijaufikia. Kwa hiyo baina ya jiko la Muislamu wa Shela na mgema wa Kijiwetanga kulikuwa na mlango wa nyuma uliokuwa wazi kila siku, na wote wawili walijua nani anahitaji nini. Mlango huo haukufungwa na ugomvi wala na fatwa. Umefungwa na paketi.

Na Kisumu Ndogo, mtaa wa watu wa bara, mama aliyetoka Nyanza hukaanga samaki wa bahari kwa mkono uliofunzwa ziwani: anamchanja kwa ndani, anamkausha, anamkaanga mpaka mifupa midogo itafunike. Nilimsikia mteja mmoja, mzee wa Kibajuni, akimwambia, "Mama, huyu tasi kwetu tungemtia tui." Akamjibu, "Baba, mle hivi leo, kesho lete nazi." Kesho yake mzee alileta nazi kweli. Sijui mji mwingine ambako mambo haya hutokea bila mtu kuitisha mkutano.

Mji huu ulizoea kulisha wageni zamani sana. Vasco da Gama alipotia nanga hapa Aprili 1498, mfalme wa Malindi alimpelekea kondoo pamoja na karafuu, bizari nyembamba, tangawizi, kungumanga na pilipili manga. Muhogo haukuwamo katika zawadi hiyo, wala pilipili kali. Hivyo vililetwa baadaye kutoka bara la Amerika na meli za Wareno wenzake. Muhogo wa kuchoma unaopasuliwa katikati ukapakwa pilipili na ndimu, ule tunaouapia kuwa ni wetu wa asili, ni mgeni aliyekaribishwa vizuri mpaka akasahau kwao.

Lakini nisiisimulie historia hii kama karamu tupu. Seyyid Majid, Sultani wa Zanzibar, alipoufufua mji mwaka 1861, baada ya kumezwa na msitu, mashamba ya mtama na ufuta yaliyoupa jina yalilimwa na watumwa. Mtama wa Malindi ulivuka bahari hadi Arabuni, na mikono iliyouvuna haikulipwa. Mkate wa mofa, wa unga wa mtama, uliookwa katika tanuri la udongo, ulitoka katika mavuno hayo, na mapishi mengi tunayoyaita ya kwetu yalipitia mikono ya wanawake ambao majina yao hayakuandikwa popote. Mofa sasa ni nadra. Nikiuona ukiuzwa nanunua hata kama nimeshiba, kwa ajili yao.

Wataliano wana sehemu yao pia. Walianza kuja kwa wingi tangu miaka ya 1960, roketi zilipoanza kurushwa kutoka jukwaa la San Marco lililoko baharini, Ngomeni, na wengine hawakurudi kwao. Nataka kuwasifu kwa jambo moja. Katika majiko yao hapa Malindi, vijana wa Kigiriama hufunzwa kukanda unga wa tambi kwa mkono na mayai, kuupumzisha, kuusukuma na kuukata, na mwenye jiko hakubali njia ya mkato. Mgeni ameusafirisha uvumilivu wa bibi yake kutoka ng'ambo ya bahari akaulinda. Sisi wenye nyumba tunakata pembe ya paketi ya tui la unga.

Nalisema hili kwa uchungu maana nimelionja. Asubuhi moja nilinunua mbaazi kwa binti mmoja pale Barani, nikajua kwa kijiko cha kwanza. Tui la paketi haliendi pamoja na mbaazi. Linakaa juu yake, zito, lenye utamu usiobadilika, na ulimi ukimaliza kumeza linabaki. Nilimuuliza kwa upole. "Shangazi, nazi zimekuwa ghali," akanijibu, "na wateja hawatambui." La nazi sikuweza kumbishia. Kaunti ya Kilifi ndiyo inayotajwa mbele kila wanapohesabu minazi ya Kenya, na bado nazi inamshinda muuza mbaazi. Minazi mingi imezeeka na haikupandwa mingine nyuma yake. Mingine imekatwa ikapasuliwa mbao. Mingine imeondoka na mashamba yaliyouzwa kwa wajenzi wa majumba ya kifahari, wakabakisha miwili mitatu ya kivuli kando ya bwawa la kuogelea. Na miaka hii wamekuja wale nzi weupe wanaoyanyonya majani na kuyaacha meusi kama yaliyopita motoni.

Lakini kwamba wateja hawatambui, hilo sikubali. Wanatambua. Wazee walitambua kabla yangu. Hawakulalamika, waliacha tu kuja, na aliyeacha kuja hamwambii muuzaji sababu. Aliyebaki ni mteja aendaye mbio na pikipiki inamngoja, na huyo hata ukimpa maharagwe atakula. Binti yule anajifunza ufundi wake kutoka kwa mteja asiyejali, kwa sababu wanaojali tumejifungia nyumbani tukikumbuka.

Ukiendelea kusini mpaka Kilifi, ufundi mwingine umeshika uzi mwembamba zaidi. Kabla daraja halijafunguliwa mwaka 1991, magari yote ya kwenda na kurudi Mombasa yalisimama pale kungoja kivuko, na foleni hiyo ilikuwa soko: madafu, maembe, samaki wa kukaanga na, juu ya vyote, korosho. Abiria waliteremka, wakala, wakazungumza na watu wasiowajua. Daraja lilituokolea muda, na siombi livunjwe. Miaka michache baadaye kiwanda cha korosho cha Kilifi nacho kikafungwa, mikorosho ikaachwa izeeke mashambani. Aliyebaki na korosho ni mwanamke na kipande chake cha bati.

Kazi yake haionekani kwa anayepita kasi. Korosho mbichi huwekwa kwenye bati juu ya moto wa wazi, zikigeuzwa kwa ufito mrefu kwa sababu maganda hutoa mafuta yanayounguza ngozi na kuwaka ghafla. Moshi wake ni mweusi, unachoma macho. Kuna dakika moja tu ya kuziteremsha: ukitangulia, ganda halivunjiki, ukichelewa, punje ni kaa. Anazimwaga mchangani, anazizima, kisha anakaa chini kugonga moja moja, pigo la kufungua ganda bila kuipasua iliyomo. Vidole vyake ni vyeusi na sabuni haitoi. Binti zake wameviona vidole hivyo, na hawataki. Nani atawalaumu?

Anaziuza kando ya barabara, zimefungwa vipakiti vidogo, nzima upande mmoja na vipande upande mwingine. Nimesimama hapo nikaona mtu akishusha kioo cha gari la mamilioni, injini inanguruma, akabishana naye juu ya shilingi kumi, na alipokubaliwa akachagua kipakiti kilichojaa zaidi. Yule mama alizichukua pesa, akazikunja, akamshukuru. Bei aliyomwomba mwanzo ilikuwa ndogo mno tayari.