Kamera na Daftari: Usimulizi wa Hugo van Lawick katika Mwambao wa Ziwa Tanganyika

Utangulizi

Kwa muda mrefu mwambao wa Ziwa Tanganyika umejulikana ulimwenguni kupitia masimulizi ya wageni. Mwaka 1871 Stanley alipomkuta Livingstone Ujiji, Susi ndiye aliyemkimbilia kumlaki. Hata hivyo, katika kumbukumbu ya wengi wamesalia wanaume wawili wa Kizungu, na Ujiji imebaki kuwa mandhari tu. Makala haya yanahakiki kazi za Hugo van Lawick (1937–2002), mwongozaji wa filamu aliyejijengea jina Gombe, kaskazini mwa mji wa Kigoma, na baadaye akawa mlezi wa wapigapicha chipukizi. Hoja inayojengwa ni kwamba van Lawick alifaulu kumfanya mnyama awe mhusika kamili wa hadithi, lakini fremu yake ilimwacha nje Mtanzania aliyekuja kuiandika hadithi hiyohiyo kwa Kiswahili.

Upweke uliotungwa

Van Lawick, Mholanzi aliyezaliwa Surabaya, alifika Gombe mwaka 1962 kwa pendekezo la Louis Leakey, ili aupige picha utafiti wa Jane Goodall kwa ajili ya National Geographic. Filamu ya Miss Goodall and the Wild Chimpanzees (1965), inayosimuliwa kwa sauti ya Orson Welles, inamwonyesha mwanamke kijana akihangaika peke yake milimani. Goodall alianza kazi Julai 1960, miaka miwili kabla ya kamera ya van Lawick kufika. Kwa hiyo picha zinazosimulia siku zile za mwanzo ni maigizo ya baadaye.

Kuigiza yaliyopita si dosari katika filamu ya aina hii. Linalostahili kuhojiwa ni lile lililochaguliwa kuigizwa. Serikali ya kikoloni haikumruhusu Goodall kuishi huko peke yake: alifuatana na mama yake, Vanne, pamoja na mpishi, Dominic, na Rashidi Kikwale alikuwa miongoni mwa walioandamana naye milimani. Wavuvi wa dagaa nao walikuwa wakiutumia ufuko huohuo. Upweke, basi, haukukutwa Gombe, ulitungwa. Mtazamaji anahitaji msitu usio na watu ili amwone shujaa, na filamu inampa msitu huo.

Ukoo wa Flo

Ubora wa van Lawick unadhihirika zaidi anapowageukia sokwe mtu wenyewe. People of the Forest (1988) inatokana na picha zilizokusanywa kwa takriban miongo miwili, na msuko wake unafuata ukoo wa jike aitwaye Flo na wanawe, wakiwamo Fifi, Figan na Flint. Katika filamu nyingi za wanyama za zama zake, mnyama alikuwa mhusika bapa: simba huwinda, swala hukimbia. Flo ni mhusika duara. Anazeeka, anachoka, anashindwa kumwachisha Flint kunyonya na kubebwa. Flo alipokufa mwaka 1972, Flint, aliyekuwa na umri wa miaka minane, alidhoofika na kumfuata baada ya majuma machache. Hadithi hii ina nguvu kwa sababu mtazamaji amekwisha kuishi na mama na mwana. Majonzi yake yameandaliwa na muda, wala hayategemei sauti ya msimulizi.

Hata jina la filamu, yaani “watu wa msituni”, lina maana pana kuliko inavyodhaniwa. Kiswahili kilikwisha kumpa mnyama huyu utu katika jina lake: sokwe mtu. Filamu inaufikia ukaribu huo kwa lenzi. Lugha ya Kiswahili iliufikia kwa neno. Hata hivyo, ukaribu wa lenzi ulikuwa na masharti yake. Sokwe walizoeshwa kambi kwa kupewa ndizi, na wataalamu wamejadili sana jinsi ulishaji huo ulivyobadili mienendo yao. Picha inayoonekana kuwa ya asili ilikuwa tayari imeguswa na mkono wa mpigaji.

Mwalimu wa Ndutu

Baadaye van Lawick alihamishia makazi yake Ndutu, kusini mwa Serengeti, ambako vijana walijifunza upigaji picha kambini, bila darasa wala mtaala. Somo kuu lilikuwa subira. Serengeti Symphony (1998) inaliweka somo hilo wazi: sauti ya msimulizi imeondolewa, muziki na picha vinaachwa viseme. Uamuzi huo unaweza kusomwa kama unyenyekevu wa msanii mbele ya mnyama. Lakini unaacha fremu ileile isiyo na watu, na mwanafunzi anayerithi jicho la mwalimu hurithi pia mipaka ya jicho hilo.

Daftari la Kiswahili

Januari 1974, Hilali Matama, mfanyakazi mwandamizi wa utafiti, alishuhudia madume wa kundi la Kasakela wakimshambulia Godi wa kundi la Kahama. Huo ulikuwa mwanzo wa vita vilivyobadili mtazamo wa wanasayansi kuhusu sokwe mtu. Tukio hilo lilishuhudiwa kwa macho ya Matama, si kwa kamera. Baada ya wanafunzi wanne kutekwa Gombe Mei 1975, Watanzania ndio walioendeleza ufuatiliaji wa kila siku, na waliandika kwa Kiswahili. Maandishi hayo, ambayo kwa miaka kadhaa yalihifadhiwa na kutafsiriwa katika Chuo Kikuu cha Duke nchini Marekani, huchukuliwa kama data. Kwa mhakiki wa fasihi ni zaidi ya hapo: yana wahusika wenye majina, nasaba, migogoro na vifo, yakiwa yameandikwa na wasimulizi wanaoufahamu msitu huo kwa miguu yao.

Hitimisho

Filamu ya Jane (2017) ya Brett Morgen ilifufua zaidi ya saa 100 za picha za van Lawick zilizodhaniwa kupotea. Mwanamke amerudishwa katikati ya hadithi. Watanzania bado wanaonekana kwa kupita tu. Thamani ya van Lawick haipungui kwa kulisema hilo, kwani bila subira yake Flo asingefahamika nje ya Gombe. Kinachobaki kwa wahakiki wa Kiswahili ni kuyasoma madaftari yale kama usimulizi, kabla hayajajulikana kwa tafsiri ya Kiingereza pekee.