Kitabu Kisicho na Sanadi



Kiko kitabu ambacho vijana wetu hukutana nacho katika hadithi za Kizungu, katika filamu na katika michezo ya kompyuta, nacho huitwa Necronomicon. Husemwa kuwa kilitungwa kwa Kiarabu na mtu wa Sanaa, Yemen, kwamba kina khabari za viumbe waliokuwako kabla ya binadamu, na kwamba akisomaye huwa khatarini kupotewa na akili. Wako waulizao kwa dhati: Je, kitabu hiki kipo? Na kikiwapo, yafaa kukisoma?

Jawabu ni kwamba hakikuwako. Aliyekibuni ni mtungaji wa Kimarekani, H. P. Lovecraft, aliyezaliwa Providence mwaka 1890 na kufa huko huko mwaka 1937. Jina la kitabu lilionekana kwanza katika hadithi yake iliyochapwa mwaka 1924. Wala hakuificha siri hiyo. Katika barua zake alieleza wazi kuwa amekizua yeye. Basi kwa hilo hatumwiti mwongo. Hadithi ni hadithi, na sisi tuliolelewa kwa Alfu Lela U Lela, ambayo yeye pia aliisoma utotoni, hatuwezi kumlaumu mtu kwa kubuni.

Na ufundi wake tuukiri. Kitabu chenyewe hakukiandika. Alikitaja tu, kifungu hapa na kifungu pale, akaiachia khofu ya msomaji ijaze yaliyobaki. Kisha mwaka 1927 akakiandikia tarikhi fupi, iliyochapwa mwaka 1938 baada ya kufa kwake. Humo mna mtungaji, Abdul Alhazred, aliyekufa Damascus mwaka 738. Mna mfasiri wa Kigiriki na mfasiri wa Kilatini. Mna wakuu wa makanisa waliokipiga marufuku na kukichoma. Yaani alikivika sanadi, na vazi hilo ndilo lililowafanya watu wakisadiki.

Haya, Msomaji, natuipime sanadi hiyo kwa mizani ya wanavyuoni wetu wa hadithi, ambao walipomshuku mpokezi waliuliza: Jina lake nani? Kazaliwa lini? Kafa lini?

Kwanza, jina. Mtoto wa chuoni anajua kwamba "Abdul" ni "mja wa", na lile "l" la mwisho ndiyo "al" yenyewe. Kulifuatisha na "Al" nyingine ni kosa ambalo Mwarabu hawezi kulifanya katika jina lake. Tena baada ya "Abdul" hutarajiwa jina la Mwenyezi Mungu Mtukufu, na "Hazred" si katika majina Yake, wala si neno la Kiarabu.

Pili, shahidi. Mtungaji asema kuwa khabari za kifo cha mtu huyo zimepokewa na Ibn Khallikan, naye amweka katika karne ya kumi na mbili. Ibn Khallikan ni mtu wa kweli, mwandishi mashuhuri wa sira za watu wakubwa. Lakini alizaliwa mwaka 1211 na kufariki Damascus mwaka 1282. Hiyo ni karne ya kumi na tatu.

Tatu, mfasiri wa Kilatini, Olaus Wormius, aliyewekwa mwaka 1228. Mwenye jina hilo ni tabibu wa Denmark aliyezaliwa mwaka 1588 na kufa mwaka 1654. Je, mtu hufasiri kitabu miaka mia tatu na sitini kabla ya kuzaliwa?

Hivyo ndivyo sanadi ya kubuni ivunjikavyo. Lakini wako waliokuja baadaye wakaifanyia biashara. Mwaka 1977 kilichapwa New York kitabu chenye jina hilo hilo, kikidai kuwa ni cha kale, chenye maombezi na talasimu. Mwenye kusoma hadithi za Lovecraft kama hadithi, hayo ni yake. Ama kuyafuata maombezi hayo, hiyo ni njia ya uchawi, na uharamu wake haufichiki. Katika Suratul Hujurat, aya ya 6, tumeamrishwa kuichungua khabari tunayoletewa na fasiki kabla ya kuifuata.

Hata hivyo, kosa kubwa la mtungaji si la tarehe. Ni kumfanya msomaji aamini kwamba khati ya Kiarabu ya zama zile ni kitu cha wazimu na mashetani. Mwaka huo wa 738 alikuwa hai Imam Ibn Shihab Az-Zuhri, aliyefariki mwaka 124 Hijria, naye alikuwa akikusanya hadithi za Mtume (S.A.W.) kwa kuulizia kila mpokezi. Hiyo ndiyo iliyokuwa elimu ya zama zile.

Nasi je, Msomaji? Katika nyumba ngapi za Pwani mna sanduku la marehemu babu, limejaa karatasi za khati za Kiarabu, na wenyewe waogopa kulifungua wakidhani ni mambo ya majini? Kiswahili chetu kimeandikwa kwa herufi hizo kwa karne nyingi. Utendi wa Tambuka wa Pate uliandikwa kwazo. Huenda sandukuni mna utenzi, au wasia, au hati ya shamba, au hesabu ya deni ambalo marehemu angali akidaiwa. Tukiziogopa karatasi hizo bila ya kuzisoma, tumekuwa sawa na yule wa Providence, ila yeye alijua kuwa anatunga.

Lifungue sanduku. Mwite mtu aijuaye khati, azisome mbele ya watoto. Kitabu kisichokuwako kimepata wasomaji ulimwengu mzima, na vilivyoko vyasomwa na mchwa.

Wabillahi tawfiq.